Muulize Bibi Shamba: Jani zima la mshubiri si la kunywa

SWALI: Shikamoo Bibi Shamba. Uani kwangu mishubiri imejaa. Nina mimba ya miezi mitano na choo napata kwa shida. Wifi yangu ananishauri nisage jani zima na maji, ninywe glasi moja kila asubuhi. Anasema pia nikiwatilia kuku kwenye maji yao hawatapata kideri. Je, ni kweli? Na ile ya porini yenye maua mekundu ndiyo hiyohiyo?
Mama Mtarajiwa, Same

JIBU: Marahaba, mwanangu. Usinywe. Na kama umeshaanza, acha leo na umweleze muuguzi wako kliniki.

Jani la mshubiri lina vitu viwili. Chini tu ya ganda kuna utomvu wa njano, ule mchungu unaopakwa kwenye ziwa mtoto anapoachishwa kunyonya. Ndani kabisa kuna ute mweupe unaoteleza, ambao karibu wote ni maji. Utomvu wa njano ni dawa kali ya kuharisha. Unalikamua tumbo, unakupotezea maji na chumvi za mwili, na mjamzito hatakiwi kuugusa. Marekani waliziondoa dawa za kuharisha za shubiri kwenye orodha ya zile zinazouzwa bila cheti cha daktari mwaka 2002, kwa sababu usalama wake haukuthibitishwa. Sasa ukisaga jani zima, umesaga vyote viwili pamoja. Wifi yako anakutakia mema, lakini katika hili usimsikilize. Kula papai, mchicha na maharage, kunywa maji ya kutosha, na lisiposaidia, kliniki wanayo dawa inayokufaa.

Ute wenyewe nausifu kwa moyo wote, ila kwa ngozi. Ukiungua kidogo jikoni, kwanza tia mkono kwenye maji baridi yanayotiririka kwa dakika 20. Kisha kata jani la nje, la chini, ulisimamishe ndani ya bakuli, upande uliokatwa uangalie chini, mpaka njano yote ichuruzike. Menya ganda, suuza ule ute, ndipo upake. Kuungua kwa kina au kwa eneo kubwa ni kwa hospitali, si kwa bustani.

Ya porini si hiyohiyo. Jamii hii ina aina zaidi ya 500. Ile ya uani, inayouzwa kwa jina la Aloe vera, asili yake ni Bara Arabu, na maua yake huwa ya njano. Ya porini unayoiona huko kwenu huenda ni Aloe secundiflora. Itazame ikichanua, maua yake yote hugeukia upande mmoja wa tawi. Mizizi yake Wamaasai huitumia kutengeneza pombe ya asali. Lakini kaskazini mwa Tanzania na kusini mwa Kenya kuna pia Aloe ballyi, mrefu kama mti mdogo, na huo una sumu hasa. Jani lake ukilikata hunuka panya. Ndiyo maana nasema mshubiri wa porini usioujua usiulambe wala usimpe mtu.

Kuhusu kuku, wifi yako hakulitoa hewani. Mwaka 2002 yalichapishwa majaribio ya Aloe secundiflora kwa kuku walioambukizwa kideri kwa makusudi. Waliopewa kabla ya kuambukizwa walikufa wachache zaidi. Lakini walikufa, mwanangu, na banda la kijijini halihitaji nusu kinga. Chanjo ya kideri ni tone moja jichoni kila baada ya miezi mitatu, kwa kuku wazima, kabla ugonjwa haujaingia. Chupa moja hutosha kuku wengi na ikishafunguliwa haihifadhiki, kwa hiyo changeni na majirani, mpange siku moja, mchanje asubuhi mapema kabla hamjawafungulia.