Wiki nzima bwawani, Jumamosi uwanjani

Mhariri, wiki iliyopita mliuliza: "Mchezaji asiyefanya mazoezi na wenzake wiki nzima, ni haki kuanza mechi ya mwisho wa wiki?" Najua wengi watasema hapana, na enzi zangu za kucheza ndondo ningesema hivyo hivyo. Kocha wetu alihesabu vichwa kila Alhamisi. Ukikosekana, Jumapili kazi yako ni kubeba ndoo ya maji. Lakini kwa swali hili mimi nina mtu wangu, na jina lake ni Ledley King.

Alikuwa beki wa kati wa Tottenham Hotspur, yaani Spurs, kijana wa Bow, mashariki mwa London, aliyezaliwa mwaka 1980. Utotoni alichezea Senrab, timu ile ile ya vijana aliyopitia John Terry, nahodha wa zamani wa Chelsea. Kikosi cha kwanza cha Spurs alikiingia Mei 1999, ugenini kwa Liverpool, na alipostaafu Julai 2012 hakuwa amechezea klabu nyingine yoyote. Mechi 323. Zigawe kwa miaka 13 upate 25 hivi kwa mwaka, na hapo mwenye macho ataanza kuuliza: mbona chache kwa nahodha?

Ni goti la kushoto. Gegedu lilikwisha, yaani ile tabaka laini inayokaa kwenye ncha za mifupa ili isisagane. Alipasuliwa, akarudi, akapasuliwa tena, lakini gegedu halioti upya kama kucha. Akimaliza mechi goti linavimba, na huchukua karibu wiki nzima kutulia. Kocha Harry Redknapp, aliyeichukua timu Oktoba 2008, alifanya hesabu nyepesi: nguvu ndogo iliyobaki kwenye goti lile isimalizwe mazoezini. Wenzake wakikimbia, King yuko bwawani anaogelea au yuko gym. Jumamosi anavaa kitambaa cha unahodha. Kukiwa na mechi nyingine Jumatano, mara nyingi humwoni.

Mtaniuliza, mtu wa namna hiyo anawezaje kumkaba mshambuliaji aliyekimbia wiki nzima? Jibu ni kwamba King hakuwa beki wa kukimbizana. Alikuwa anasoma. Pasi haijapigwa, yeye ameshasogea hatua mbili kuelekea inakokwenda. Aliwahi pia kucheza kiungo, kwa hiyo mpira ukimfikia haubutui ovyo, anautuliza na kuutoa kwa mwenzake. Kadi alipata chache mno kwa beki, maana hakuwa na haja ya kuvuta jezi. Thierry Henry, aliyekuwa Arsenal, mahasimu wakubwa, alimtaja kuwa ndiye beki anayempokonya mpira bila kumshika. Sifa ikitoka kwa mtani wa jadi, mimi naipokea bila kuuliza risiti.

Na mbio alikuwa nazo zikitakiwa. Novemba 2006, Spurs na Chelsea pale White Hart Lane, uwanja wa Spurs wakati huo, Arjen Robben wa Chelsea alichomoka akabaki na kipa peke yake. Kwenye kibanda umiza tulikokuwa, mashabiki wa Chelsea walikwisha simama kushangilia. King akatokea nyuma, akaupata mpira, mpira tu, Robben hajaguswa. Spurs wakashinda 2-1, mara yao ya kwanza kuifunga Chelsea kwenye ligi tangu 1990. Ukinitajia King, hainijii ile rekodi yake ya kufunga sekunde ya 10 dhidi ya Bradford, Desemba 2000, rekodi ya Ligi Kuu iliyokaa hadi Shane Long alipoivunja 2019. Inanijia miguu ile ikimfukuza Robben.

Februari 2008 aliongoza timu Wembley kwenye fainali ya Kombe la Ligi, akiwa ametoka kuuguza goti kwa miezi. Chelsea tena. Drogba wa Chelsea akatangulia kufunga, Berbatov wa Spurs akasawazisha kwa penalti, na kwenye muda wa nyongeza Jonathan Woodgate, beki mwenzake King, akafunga la ushindi. Woodgate naye, jamani, alikuwa mteja wa kudumu wa madaktari! Mabeki wawili wagonjwa wakalipeleka kombe nyumbani, na Spurs hawakupata jingine hadi Mei 2025.

Sasa msinielewe vibaya. Ruhusa ile ilikuwa na bei yake. Timu ya taifa ilimpata kwa mechi 21 tu. Kombe la Dunia 2010, mechi ya kwanza dhidi ya Marekani pale Rustenburg, alitolewa mapumziko kwa maumivu ya kinena, na hakuichezea England tena. Msimu wake wa mwisho ulionyesha wazi kwamba mwili umegoma, na nadhani walimpanga mechi kadhaa ambazo angepaswa kupumzishwa. Alipoacha alikuwa na miaka 31, umri ambao mabeki wengi wa kati ndiyo kwanza wanakomaa.

Kwa hiyo jibu langu ni ndiyo, kwa sharti moja: wenzake wawe wanajua kwa nini hayupo. Wachezaji wa Spurs waliliona goti lile likivimba. Hakuna aliyenuna. Lakini yule anayekosa Alhamisi kwa sababu Jumatano alikesha kwenye harusi, huyo mpeni ndoo.

Halafu kuna hili, ambalo lilinichekesha sana. Agosti 2020 José Mourinho alimwingiza King kwenye benchi lake la ufundi pale Spurs. Mtu aliyekaa miaka hakanyagi mazoezi, kazi yake mpya ikawa kuwafanyisha wengine mazoezi.