Jinsi ya kuitazama All About Lily Chou-Chou bila kupotea njiani

Wengi huiacha filamu hii ya mwongozaji Mjapani Shunji Iwai mapema, na malalamiko ni yale yale: haieleweki, halafu maandishi mengi. Ni ya mwaka 2001, dakika 146, na kupotea kunaepukika.

Inaanzia katikati. Yuichi, mvulana wa kidato cha pili, tayari yuko chini ya kisigino cha Hoshino, mwanafunzi mwenzake, anaiba madukani kwa amri yake. Kisha hadithi inarudi mwaka mmoja nyuma bila kukupigia hodi. Achana na tarehe, mshike Hoshino. Ukimwona mpole, anasoma hotuba ya wanafunzi wapya au anafanya mazoezi ya kendo (mchezo wa Kijapani wa kupigana kwa fimbo) na Yuichi, ujue uko mwaka ule wa nyuma.

Kinachowatenganisha Hoshino mpole na Hoshino mkatili ni safari ya Okinawa, visiwa vya kusini mwa Japani, likizo ya kiangazi. Imepigwa kwa kamera ndogo za mkononi, picha inayumba mpaka kichwa kinauma. Usiiruke! Huko Hoshino ananusurika kufa maji, na shule zikifunguliwa Septemba ni mtu mwingine. Aliyeiruka atabaki anauliza ukatili umetoka wapi.

Jumbe zinazojichapa kwenye skrini ni za mashabiki wa Lily, mwimbaji wa ndani ya filamu, waliojificha nyuma ya majina ya kubuni. Wafuate wawili tu: Philia na Paka wa Bluu. Nakala iliyotafsiri mazungumzo ikaziacha jumbe haikufai. Simu nayo ni ndogo mno kwa herufi hizo, tumia kompyuta au televisheni.

Vaa hedifoni. Nyimbo za Lily zimeimbwa na mwimbaji Salyu na kutungwa na Takeshi Kobayashi, na muziki wa piano ni wa Debussy, mtunzi Mfaransa. Spika za simu huuharibu muziki huo kabisa. (Mke wa kwanza wa Debussy aliitwa Lilly, na binti wa Debussy alipewa jina la utani Chouchou.)

Kuna uonevu, ubakaji na kujiua, tena bila faraja baadaye. Usiwawekee watoto eti kwa sababu wahusika ni wanafunzi, na kama wewe mwenyewe umeelemewa siku hizi, iahirishe.

Ukifika kwenye mashindano ya kwaya, angalia piano. Haipigwi. Msichana aitwaye Kuno ndiye fundi wake darasani, ila wasichana wenzake hawamtaki aipige, kwa hiyo ameupanga wimbo mzima uimbwe kwa sauti tupu.