Fidia ya ajali ni ndogo, nikate rufaa?

SWALI: Niligongwa na daladala nikavunjika paja. Nilidai milioni 30 Mahakama ya Hakimu Mkazi, nimepewa milioni 6. Naweza kuongezewa? Msomaji, Mbagala.

JIBU: Pole sana, ndugu yetu. Rufaa inakwenda Mahakama Kuu, na una siku 90 tangu hukumu. Leo hii andika barua ya kuomba nakala za hukumu na tuzo (hati ya amri ya mahakama inayotokana na hukumu), ubaki na kopi iliyogongwa muhuri wa mapokezi. Siku za kusubiri nakala hazihesabiwi, ila bila barua hiyo utapata shida kuthibitisha.

Soma hukumu kwa makini: wamekata wapi? Gharama za matibabu, nauli na kipato kilichopotea hudaiwa kwa kutajwa na kuthibitishwa moja moja. Kama risiti hukuzitoa wakati wa kesi, Mahakama Kuu kwa kawaida haipokei ushahidi mpya. Wengi huangukia hapo. Kwa maumivu na ulemavu, majaji huingilia pale tu hakimu alipokosea kanuni au kiwango ni kidogo kupindukia. Kama hakimu aliipuuza ripoti ya daktari ya ulemavu wa kudumu, ifanye sababu yako ya kwanza ya rufaa.