Binti, ukisikia wito usinyamaze kama nilivyonyamaza mimi

Kanisani kwetu, Waanglikana, askofu tunamwita Baba Askofu, na mkewe tunamwita Mama Askofu. Ndiyo ada, na haina ubaya. Lakini Oktoba 2025, zilipokuja habari kwamba Sarah Mullally ameteuliwa kuwa Askofu Mkuu wa Canterbury, mkuu wa Kanisa la England anayeheshimiwa na Waanglikana duniani, mwanamke wa kwanza kupewa kiti hicho, binti mmoja ninayemfundisha kipaimara alinikalia ubavuni uani pa kanisa Mkunazini, Zanzibar, akaniuliza: "Bibi, huyu sasa tutamwitaje? Na mumewe je?"

Nilimjibu kwamba neno askofu lenyewe halichagui, na "yeye" ya Kiswahili haimuulizi mtu kama kavaa kanzu au kanga. Akanyamaza kidogo, kisha akaja na swali alilolikusudia tangu mwanzo: "Na mtu akihisi kaitwa, aanzie wapi?"

Usiku ule usingizi ulikuja kwa taabu. Haya ninayoandika ndiyo jibu ambalo sikuweza kumpa pale pale.

Mwaka 1989 nilikuwa mwalimu wa skuli, umri wangu miaka 26. Nilimwendea kasisi mmoja niliyemheshimu, nikamwambia kwamba moyo wangu uko madhabahuni, nataka kutumika huko. Alifurahi kweli. Akanishika mkono, akasema, "Tutakutafutia shemasi mzuri akuoe." Hakuwa mtu mbaya. Mwanamke karibu na madhabahu alimjua kwa sura mbili tu, mke wa padri au sista, na mimi akaniona wa sura ya kwanza. Nikamshukuru, nikaondoka, na neno lile sikulitamka tena kwa miaka tisa.

Baadaye sana ndipo nikajua kwamba tarehe 11 Februari ya mwaka ule ule, huko Boston, Marekani, Barbara Harris aliwekwa wakfu kuwa askofu, mwanamke wa kwanza katika Uanglikana wote duniani. Alikuwa ametishiwa maisha. Akashauriwa avae fulana ya kuzuia risasi ndani ya majoho yake, akakataa. Yeye alisimama mbele ya vitisho vya kuuawa. Mimi nilinyamazishwa na tabasamu.

Basi la kwanza ni hilo. Ukilisema mara moja likapokewa sivyo, lirudie. Kama padri huyu hakukuelewa, nenda kwa mwengine. Nenda kwa masista wa Chama cha Mariamu Mtakatifu, nenda kwa mzee wa kanisa anayekujua tangu utotoni na asiyeogopa kukwambia ukweli. Wito katika kanisa letu haupimwi na mtu mmoja, na wewe mwenyewe huwezi kujipima. Ujue pia unaposimama: dayosisi za Kanisa Anglikana Tanzania hazijaenda hatua moja. Zipo zinazowapa wanawake ukasisi, zipo ambazo hazijafanya hivyo. Uliza kwa adabu, upate jibu la wenyewe, usijenge matumaini wala hasira juu ya maneno ya barazani.

Na watakuja wa kukusomea barua ya kwanza kwa Timotheo, pale paliposemwa askofu awe mume wa mke mmoja. Usiwadharau, maana wengi wao wanasoma kwa imani. Mimi nimekaa na mstari ule miaka mingi. Naamini Paulo alikuwa akidai uaminifu wa ndoa. Na Paulo huyo huyo ndiye anayewakabidhi Warumi Fibi, mhudumu wa kanisa la Kenkrea. Lakini jibu hili nililipata kwa kusoma na kuomba. Siku nilizolitafuta kwa hasira sikulipata.

Sasa nikueleze Pemba, kwa sababu huko ndiko nilikofunzwa.

Mwaka 1990 nilihamishiwa Weti. Nilipanda meli ya Mapinduzi na sanduku moja na godoro. Wakristo tulikuwa wachache, wengi wao watumishi wa serikali waliotoka bara, na padri alivuka kuja kwetu alipoweza. Jumapili asiyekuwepo ilibidi mtu asome. Nikasoma mimi. Baada ya miezi michache nikajikuta ndiye ninayefundisha watoto, ninayekaa na wagonjwa, ninayeitwa usiku mwanamke wa kwetu akifariki ili nikamwoshe. Hakuna aliyenipa cheo. Waliniita Mwalimu tu, kama walivyoniita skuli.

Jirani yangu alikuwa bibi wa Kiislamu, mjane. Ramadhani alinipitishia uji na tambi kila magharibi kana kwamba nami nimefunga, na mimi mchana sikuwasha jiko uani. Siku moja nilikuwa natoka mbio kwenda msibani na kitabu cha sala mkononi. Akanisimamisha mlangoni: "Ukifika usiseme kitu kwanza. Kaa nao. Kisha tafuta vyombo uoshe." Nilifanya hivyo. Nimehudhuria semina nyingi za uchungaji tangu wakati huo na sijasikia fundisho lililonifaa kuliko lile.

Nilipokuja kusoma habari za Florence Li Tim-Oi, mwanamke wa Kichina, nililia, kwa sababu niliiona Weti ndani yake. Wakati wa Vita Vikuu vya Pili, mji wa Macau, pwani ya China, ulijaa wakimbizi na padri hakuweza kufika kuwapa ushirika. Yeye alikuwa shemasi tu, akihudumu pale peke yake. Mwaka 1944 Askofu Ronald Hall akamwekea mikono kuwa kasisi, mwanamke wa kwanza katika Uanglikana. Vita vilipokwisha maneno yakawa mengi, akaiweka kando leseni yake ya ukasisi ili askofu wake asiingie matatani, lakini ukasisi wenyewe hakuukana. Tazama mpango wa mambo yale: watu wenye njaa walitangulia, mikono ya askofu ikafuata. Kama unachotamani ni joho na kiti cha mbele, ngoja kwanza. Kama kuna watu wanaokuita usiku, hapo tuna la kuzungumza.

Jengine: usiache kazi yako kwa haraka. Wasichana huniambia wanataka kuacha uuguzi au ualimu "wamtumikie Mungu". Mullally alikuwa muuguzi, tena kuanzia 1999 mkuu wa wauguzi wote wa England, kabla ya uaskofu. Ellinah Wamukoya wa Swaziland alikuwa mkurugenzi wa jiji la Manzini, mtu wa bajeti, takataka na mabomba ya maji, na huku ni mlezi wa kiroho wa wanafunzi. Novemba 2012 akawekwa wakfu, askofu mwanamke wa kwanza wa Kianglikana barani Afrika. Alifariki Januari 2021 kwa UVIKO-19. Askofu husimamia fedha, ardhi, skuli, zahanati na ugomvi wa watu wazima. Aliyewahi kuendesha wodi au ofisi hafiki mikono mitupu. Na karibu yetu zaidi, Rose Okeno anaongoza Dayosisi ya Butere, Kenya, tangu Septemba 2021.

Masomo usiyakimbie. Vyuo vya theolojia vipo, kama Msalato Dodoma, na hata kama hutapata daraja lolote, elimu ile itakusaidia kufundisha.

Kuhusu ndoa nitasema kidogo. Mwambie mchumba kabla ya posa, kwa maneno yaliyo wazi, si kwa mafumbo. Mume wangu nilimwambia mwaka wa tisa wa ndoa yetu, usiku, umeme umekatika. Alichouliza ni kwa nini nilimficha. Hilo liliniuma kuliko jibu la yule kasisi.

Mwisho, andika barua. Umwandikie askofu kupitia kwa padri wako, ukurasa mmoja. Taja ulipobatizwa na ulipopata kipaimara, kazi unayofanya kanisani sasa hivi na tangu lini, na jambo gani hasa unaomba: kupimwa, kusomeshwa, au kukaa na kusikilizwa. Usiombe cheo. Tia tarehe, tia saini, uweke nakala. Mimi ya 1989 sina nakala yake, kwa sababu sikuiandika.