Mina aliacha kuonekana, hakuacha kuimba

Mhariri, swali lenu la wiki hii linasema: "Je, mwanamuziki anaweza kujiondoa kabisa machoni pa watu na jina lake lisizame?" Naona mmeuliza kwa sababu ya zama hizi, ambapo msanii akipitisha siku tatu bila kujipiga picha akinywa chai, mashabiki wanaanza kuulizana kama yu hai. Jibu langu ni kwamba anaweza. Ushahidi wangu ni mtu mmoja tu, Muitaliano aitwaye Mina, ambaye mara ya mwisho kuimba mbele ya hadhara ilikuwa tarehe 23 Agosti 1978. Tangu usiku ule hajapanda jukwaa lolote, na bado nyimbo zake zinatoka na zinanunuliwa. Lakini hiyo "anaweza" yangu ina masharti, nayo ndiyo yaliyonifanya niandike barua ndefu badala ya mistari miwili mliyotuomba.

Mtu wa Malindi kumjua Mina si ajabu. Waitaliano wako nasi tangu miaka ya 60, waliposimika mitambo ya kurushia satelaiti baharini pale Ngomeni. Baadaye zikafuata hoteli na majumba ya kifahari, hadi leo vijana wa ufuoni wanapatana bei ya vinyago kwa Kiitaliano bila kugugumia. Mimi nilihudumu baa katika hoteli moja ya huko, na kanda za jioni zilikuwa za Waitaliano wenyewe. Wageni walikuwa wakipiga soga juu ya muziki wowote uliowekwa, isipokuwa sauti moja ya kike. Hiyo ikianza, hasa wazee, walinyamaza wakasikiliza hadi mwisho. Ndipo nikaanza kuulizia.

Jina lake kamili ni Anna Maria Mazzini. Alizaliwa tarehe 25 Machi 1940 huko Busto Arsizio, kaskazini mwa Italia, akakulia Cremona, mji uliosifika tangu zamani kwa mafundi wa fidla. Agosti 1958, akiwa likizoni na jamaa zake kwenye pwani ya Toscana, alipanda jukwaa la La Bussola, klabu ya Marina di Pietrasanta, akaimba kama mchezo. Mwaka haukuisha ameshaingia studio. Nyimbo za Kiingereza alizitoa kwa jina la Baby Gate, za Kiitaliano kwa jina la Mina. Magazeti yalimweka katika kundi la vijana waliobandikwa jina la wapiga mayowe, kwa kuwa Italia ya siku zile ilizoea waimbaji wa kubembeleza. "Tintarella di luna" ya 1959 ilikuwa ya kuchangamsha vijana tu. Mwaka uliofuata aliimba "Il cielo in una stanza" ya mtunzi Gino Paoli, wimbo wa taratibu usio na kiitikio cha kueleweka, na waliomdhania mpiga mayowe wakaona wamemdhania kidogo.

Mwaka 1961 alikwenda kwenye tamasha la Sanremo huku wengi wakimpa ushindi. "Le mille bolle blu" ikashika nafasi ya tano. Akasema hatashindana tena Sanremo, na hajashindana tena. Alikuwa na miaka 20. Naomba msomaji aliweke hilo akilini, maana watu husimulia kuondoka kwake kwa 1978 kana kwamba kulimdondokea ghafla. Huyu alianza kusema "sitaki" mapema sana.

Kisha likaja la 1963. Mina alipata mimba ya mwigizaji Corrado Pani, ambaye alikuwa na mke, ingawa walikuwa wameshatengana. Talaka haikuwepo katika sheria ya Italia hadi Desemba 1970, kwa hiyo hata wangetaka kuoana wasingeweza. Shirika la utangazaji la taifa, RAI, ndilo pekee lililokuwa na televisheni nchini, nalo likamfungia mlango. Mwimbaji yeyote wa wakati ule angeshauriwa ajifiche kwa shangazi, azae kimya kimya, kisha arudi na hadithi. Yeye hakukana wala hakuomba radhi. Mtoto, Massimiliano, alizaliwa Aprili mwaka huo. Santuri ziliendelea kuuzwa kama kawaida, na 1964 RAI ikamrudisha, kwa sababu watazamaji walikuwa wakimtaka.

Nadhani hapa ndipo alipojifunza jambo ambalo wasanii wengi hawajifunzi hadi wanazeeka: kwamba watu waliokuwa wakinunua sauti yake na watu waliokuwa wakimiliki kamera ni makundi mawili tofauti. La pili linaweza kukukasirikia, la kwanza likabaki nawe.

Miaka kumi iliyofuata alionekana hadi basi. "Studio Uno", "Sabato sera", "Canzonissima", "Teatro 10": Jumamosi usiku, familia nzima mbele ya televisheni, na Mina katikati. Alikuwa mrefu, mwenye macho yaliyozungushiwa wanja mzito na nyusi zilizonyolewa, mikono haitulii. Hata tambi za Barilla aliziuza kwenye matangazo. Akimaliza kuimba anaigiza vichekesho na waigizaji kina Alberto Sordi, kisha anarudi kuimba kana kwamba hakuna kilichomchosha.

Kuna kipande kimoja cha wakati ule ambacho kinapatikana mtandaoni na ambacho ningemwonyesha yeyote anayebisha. Ni Aprili 1972, "Teatro 10", picha nyeusi na nyeupe. Lucio Battisti, mtunzi mwenye nywele za msokoto na sauti ya kukwaruza, ameleta wanamuziki wake. Wanaimba nyimbo za Battisti mfululizo, zimeunganishwa bila kupumzika. Battisti anaimba kama mtu aliyekuja kukarabati bomba, hana mbwembwe. Mina anamtazama muda wote, anampisha, kisha inapofika zamu yake anachukua sentensi ileile na kuipandisha mahali ambapo Battisti hafiki, halafu anairudisha chini ili mwenzake asionekane mdogo. Hakuna anayemshinda mwenzake. Battisti naye, miaka si mingi baadaye, aliacha kabisa kutokea hadharani hadi alipofariki 1998. Watu wawili waliokuwa wakitazamwa na nchi nzima usiku ule, wote wakaamua kutotazamwa.

Sasa nije kwenye masharti. La kwanza mmeshaliona: kabla ya kujificha alikuwa ameshajulikana na kila nyumba. Kinda wa leo akijificha hajajificha, hajafahamika bado.

La pili ndilo kubwa, na halisimuliwi sana kwa kuwa halina mapenzi wala machozi. Mwaka 1966 Mina alihamia Lugano, Uswisi, ng'ambo tu ya mpaka, na mwaka 1967, pamoja na baba yake, akaanzisha kampuni yake mwenyewe ya kurekodi, PDU. Albamu yake ya kwanza hapo aliiita "Dedicato a mio padre", yaani kwa heshima ya baba yangu. Kuanzia hapo hakuna bosi aliyeweza kumwambia usipofanya ziara hatutoi santuri yako. Anachagua nyimbo, anachagua watunzi, anarekodi anapotaka, jalada anaamua yeye. Mwanawe Massimiliano Pani alipokua akawa mtayarishaji wake. Wanaosema Mina ni fumbo wangeanza kwa kuuliza funguo za studio anazo nani.

Mwaka 1974 aliongoza kipindi cha televisheni cha "Milleluci" pamoja na Raffaella Carrà, na wimbo wa kufungia kila wiki uliitwa "Non gioco più", yaani sichezi tena. Hakuongoza kipindi kingine baada ya hicho. Mwaka 1978 alifanya maonyesho ya kiangazi ukumbi wa Bussoladomani, Lido di Camaiore, pwani ileile alikoanzia miaka 20 nyuma. Yakaisha, naye akaenda zake. Hapakuwa na ziara ya kuaga.

Kilichofuata ni kazi, tena nyingi kupita kiasi. Hadi katikati ya miaka ya 90 karibu kila mwaka alitoa albamu ya santuri mbili, moja ya nyimbo mpya na moja ya nyimbo za watu wengine. Ya 1986 aliiita "Sì, buana". Naam, ni bwana huyuhuyu wetu, aliyefika Italia kwa njia ya filamu za wawindaji na wapagazi, na sitajifanya limenifurahisha. Majalada ndiyo yaliyokuwa jibu lake kwa wenye kiu ya kumwona. Kwenye "Salomè" ya 1981 ana ndevu. Kwenye "Rane supreme" ya 1987 kichwa chake kimewekwa juu ya mwili wa mtunisha misuli. Mnataka sura? Haya, hiyo hapo.

Na hakuwa bubu. Kwa miaka kadhaa aliandika makala katika gazeti la La Stampa na kujibu barua za wasomaji katika jarida la Vanity Fair la Italia, kwa ulimi mkali kweli. Mwaka 2001 aliruhusu kamera ziingie studio na kipindi kikarushwa kwa intaneti, wakati ambapo wengi wetu hata barua pepe tulikuwa hatuna. Albamu aliyoimba na mwimbaji mwenzake Adriano Celentano mwaka 1998 iliuza zaidi ya nakala milioni moja, bila yeyote kati yao kuzunguka miji kuitangaza. Mwaka 2016 wakarudia pamoja, "Le migliori", na ikavuma tena.

Mtu ataniambia: basi kila msanii aliyechoka na aondoke. Taratibu. Italia hiyohiyo ilikuwa na Mia Martini, sauti kubwa nyingine ya kizazi kilichofuata. Yeye alizushiwa kwamba ana nuksi, kwamba akiwepo ukumbini mambo yanaharibika. Mapromota na watu wa televisheni wakaanza kumkwepa, na mwaka 1983 akaacha muziki. Alirudi Sanremo mwaka 1989 na "Almeno tu nell'universo", watu wakasimama, lakini miaka sita baadaye alifariki akiwa na miaka 47. Hakuwa na PDU. Kuna kuondoka na kuna kuondolewa, na kwa mbali vinafanana.

Wala sitaki niseme kwamba Mina hakupoteza kitu. Albamu za miaka ya 80 na 90 zina nyimbo ambazo mtu aliyekuwa akiimba mbele ya watu angezitupa. Hadhira ni mhariri mkali. Wimbo usiposhika unaliona kwenye viti. Studio haikuambii hivyo, hasa ikiwa ni yako na mtayarishaji ni mwanao. Nikisikiliza "Mina Live '78", rekodi ya maonyesho yale ya mwisho, namsikia akivuta neno sekunde moja zaidi kwa sababu ukumbi umenyamaza. Ningetoa albamu kumi za baadaye ili nipate usiku mwingine kama ule. Lakini sauti ni yake, na hakuniuliza.

Kwa msomaji anayetaka kumsikiliza, nashauri asianze na "Parole parole", ingawa ndio maarufu kuliko zote. Ule ni mchezo wa kuigiza mzuri, ambapo Alberto Lupo anambembeleza kwa maneno naye anaimba kuwa amechoka na maneno. Anza na "Se telefonando" ya 1966. Muziki ni wa Ennio Morricone, yule aliyetunga muziki wa filamu nyingi, na wimbo mzima umesimama juu ya noti tatu zinazorudi na kurudi, huku ala zikiongezeka na sauti ikipanda ngazi baada ya ngazi. Mwanamke anataka kuvunja uhusiano na anatamani angeweza kumaliza kwa simu. Kisha sikiliza "Grande grande grande" ya 1972, halafu "E penso a te" katika kile kipande cha Battisti. Ukishafika hapo, tafuta "Acqua e sale" ya 1998, aliyoimba na Celentano akiwa na miaka 58, miaka 20 tangu aondoke jukwaani, uniambie kama sauti hiyo imezama.

Msomaji wenu, Malindi