Maswali yenu: Sharti la lugha na kupanda cheo serikalini

*Swali: Mimi ni karani katika ofisi moja ya kaunti. KCSE, mtihani wa kumaliza kidato cha nne, nilipata wastani wa C-, Kiswahili C, Kiingereza D+. Kila nikiomba kupandishwa cheo naambiwa Kiingereza kimeniangusha. Nifanyeje? – Karani, Likoni*

Kabla hujafikiria mtihani, itisha skimu ya utumishi ya kada yako, yaani hati yenye masharti ya kuajiriwa na kupanda cheo, uisome mwenyewe, neno kwa neno. Usitosheke na maelezo ya mdomo. Katika kada nyingi za ofisini sharti huandikwa "angalau C katika Kiingereza au Kiswahili". Ikiwa yako ina hilo "au", C yako ya Kiswahili inatosha na D+ ya Kiingereza haina haki ya kukuzuia.

Mwandikie afisa wa rasilimali watu barua ya ukurasa mmoja: cheo ulichonacho, unachoomba, na kifungu cha skimu unachokitegemea. Ambatisha nakala ya cheti iliyothibitishwa. Peleka barua nakala mbili, na yako igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Omba jibu kwa maandishi. Bodi ya Utumishi wa Umma ya Kaunti ikikukatalia, kifungu cha 77 cha Sheria ya Serikali za Kaunti ya 2012 kinakuruhusu kukata rufaa kwa Tume ya Utumishi wa Umma ndani ya siku 90 tangu uamuzi ulipotolewa. Asiye na karatasi yenye tarehe hupata taabu kuthibitisha kwamba hajachelewa.

Skimu ikitaka Kiingereza waziwazi, hapo hapana njia ya mkato. Rudia somo.

*Swali: Nimezaliwa Kisauni, Kiswahili ndiyo lugha yangu ya nyumbani, lakini KCSE nilipata D+. Nataka kulirudia somo hili kama mtahiniwa wa kibinafsi. Nianzie wapi? – Msomaji wa kike, Kisauni*

Dada, D+ ya mzaliwa wa Mombasa si ajabu. Kinachosahihishwa ni Kiswahili sanifu, nacho kilijengwa juu ya Kiunguja, lahaja ya Unguja, uamuzi uliofikiwa kwenye mkutano uliofanyika papa hapa Mombasa mwaka 1928. Kimvita, lahaja yetu ya Mombasa, kiliachwa. Basi ukiandika "yuwaandika" kwa "anaandika", "ndia" kwa "njia" au "mato" kwa "macho", umekosa, ingawa nyumbani ni lugha safi kabisa. Usiione aibu lahaja yako. Sehemu ya isimu jamii, yaani lugha na matumizi yake katika jamii, huweza kuuliza habari za lahaja, na hapo unamzidi mtu wa bara.

Karatasi ni tatu. 102/1 ni insha, alama 40: mbili za alama 20 kila moja, ya kwanza ni ya lazima. 102/2 ina alama 80: ufahamu 15, ufupisho 15, matumizi ya lugha 40, isimu jamii 10. 102/3 ni fasihi, alama 80. Anzia matumizi ya lugha. Hizo 40 ni ngeli, mnyambuliko, viambishi na uchanganuzi wa sentensi, mambo ambayo mzungumzaji mzawa huyatumia kutwa bila kuweza kuyaeleza. Zoezi la kila siku ni bora kuliko kukesha wiki ya mwisho.

Ufupisho huwaponza wengi kwa idadi ya maneno. Ukizidisha, maneno kumi ya kwanza ya ziada hukuondolea alama 1, kisha kila matano hukuondolea nusu. Andika nakala chafu, hesabu, punguza, ndipo uandike jibu kwa aya, si kwa orodha.

Insha ya lazima huwa ya kiuamilifu: barua rasmi, ripoti, hotuba, kumbukumbu. Hizo ndizo kazi zenyewe za ofisini, kwa hiyo jifunze vizuri. Kumbukumbu zinataka kichwa chenye kikundi, mahali, tarehe na saa, waliohudhuria, waliotuma udhuru, waliokosa bila udhuru, ajenda, kisha kila hoja na nambari yake, mwisho nafasi ya sahihi za mwenyekiti na katibu. Kosa linalorudiwa sana ni kunukuu watu kana kwamba ni mchezo wa kuigiza. Andika kilichoamuliwa na nani atakitekeleza.

Fasihi usiitegemee kumbukumbu ya shuleni: vitabu teule hubadilishwa. Hakikisha orodha ya mwaka utakaofanya mtihani kabla ya kununua. Usajili nao hufungwa miezi mingi kabla ya mtihani, kwa hiyo ulizia kituo mapema mwaka unapoanza.

*Swali: Assalaam aleikum. Mwanangu ni kiziwi, yuko serikalini. Ameambiwa hana Kiswahili kwenye cheti, hawezi kupandishwa. Ni sawa? – Mzazi, Mji wa Kale*

Waaleikum salaam, mzee wetu. Si sawa kumfungia mlango kwa sababu hiyo pekee. Katika KCSE, mtahiniwa kiziwi hufanya Lugha ya Ishara ya Kenya, nambari 504, mahali pa Kiswahili. Katiba, kifungu cha 54, nayo inampa haki ya kutumia lugha ya ishara. Aandike barua kama tuliyomweleza karani wa Likoni, aambatishe cheti chenye gredi ya 504, na aombe kwa maandishi mkalimani wa ishara siku ya usaili. Ombi hilo litangulie siku ya usaili kwa muda wa kutosha; likifika asubuhi ile ile, mkalimani huenda asipatikane.