Kigango kikiibwa, mji hubaki na deni

Ndugu, umeuliza familia huishije vitu vyao vikishapelekwa makumbusho. Kwa Wagiriama wa pwani ya Kenya, kigango si pambo. Ni mti mgumu uliochongwa na kusimamishwa kwa ajili ya mzee aliyefariki wa Gohu, chama cha siri cha wazee. Humiminiwa pombe ya mnazi pale chini, huelezwa shida za mji, yaani boma la familia, na hakihamishwi hata watu wakihama. Kikiibwa, ukame na magonjwa husomwa kama hasira ya koma, roho za wahenga. Familia moja iliibiwa viwili 1985; vikaja kuonekana kwenye makumbusho huko Marekani, vikarudishwa 2007. Miaka 22! Viliporudi, vilizungushiwa kizimba cha chuma. Inaniuma sana, mzee kukaa nyuma ya vyuma kwake mwenyewe ili asiibwe tena.